Twari Limepashwa Moto, Polisi Wako Wapi?

Haya ni mazungumzo niliyoyatoa Mombasa mbele ya wanakamati wa misikiti, makanisa na mahekalu. Wengi walioshindwa kufika waliniomba maneno yenyewe, nami nimeyaweka yote, isipokuwa zile picha za ukutani ambazo hata waliokuwepo hawakuziona vizuri kwa jua.

Masheikh wangu, wachungaji, mapandit wetu, kina mama wa kamati, na nyinyi vijana wa ulinzi mliosimama pale nyuma: asalaam aleikum, Bwana asifiwe, namaste. Nimepewa dakika arobaini na chakula kinapakuliwa saa saba, kwa hivyo najua nani hapa ana haraka zaidi kuliko mimi.

Mmeniita nizungumzie kwenda mahakamani kuomba ulinzi wa polisi kwa ajili ya sherehe za dini. Nitaanza na zefe, yaani maandamano ya dini, ambalo halikutoka.

Ilikuwa Jumatano, baada ya magharibi. Wazee watatu na kijana mmoja waliingia ofisini kwangu. Zefe lao la Maulidi lilikuwa Jumamosi. Kituo cha polisi, sikitaji, kiliwaambia wasitoke, maana kuna watu wa mtaa wa pili walioapa kuwatupia mawe. Waliotishiwa ni wao, na walioambiwa wakae nyumbani ni wao pia. Nikawauliza: barua mliyopeleka kituoni iko wapi? Wakatazamana. Hakukuwa na barua. Kijana alikwenda kaunta, akasema kwa mdomo, akajibiwa kwa mdomo, akarudi. Namba ya OB, lile daftari la matukio la kituoni? Hana. Jina la askari aliyemjibu? "Alikuwa mrefu mrefu hivi."

Sasa ndugu zangu, mimi nisimame mbele ya jaji niseme nini? Kwamba askari mrefu mrefu hivi amevunja Katiba ya Kenya?

Jumamosi nilikwenda kuwaona. Maulidi yalisomwa uani, lango limefungwa. Mzee mmoja alikuwa amechuchumaa pembeni ya makaa ya vifuu, anapasha twari lake, ile ngoma ndogo ya kushikwa mkononi, analigeuza polepole, anaibisha ngozi kwa kucha, anasikiliza, analirudisha motoni. Akaniangalia akasema: "Wakili, ngozi imeshika, na pa kwenda hatuna." Nitamrudia mzee huyu. Kwanza niwapeleke mbali kidogo.

Swali la kwanza ni hili: mtu anapotaka kuandamana kwa ibada yake, na mwingine anatishia fujo, wa kuzuiwa ni nani?

Swali hili si la jana. Mwaka 1882, katika mji wa Weston-super-Mare huko Uingereza, Jeshi la Wokovu walikuwa wakipita mitaani na bendera na muziki wao, wakihubiri. Kukazuka kundi la wapinzani wao, likajiita Jeshi la Mifupa. Kila Jeshi la Wokovu wakitoka, wale nao wanatoka, na ni vurugu. Mahakimu wa mji wakafanya lililokuwa jepesi: wakapiga marufuku mikusanyiko. Jumapili moja ya mwezi Machi kapteni wao, William Beatty, akatoka tu na watu wake. Polisi wakamwambia tawanyikeni, akakataa, akakamatwa. Kesi ikapanda mpaka mahakama ya juu, na majaji wakasema neno ambalo mawakili tunalinukuu mpaka leo: mtu hahukumiwi kwa kufanya jambo halali ati kwa sababu anajua mwenzake atakasirika na kufanya haramu.

Mtasema, Weston-super-Mare na sisi wapi na wapi? Sheria yetu ya Kenya inapokea sheria ya kimapokeo ya Uingereza, ile inayotokana na hukumu za majaji, kama ilivyokuwa tarehe 12 Agosti 1897. Hukumu ya Beatty ni ya 1882. Hesabuni wenyewe.

Lakini msishangilie mapema. Baada ya hapo mahakama za huko ziliwapa polisi nafasi: kama hatari iko mlangoni, mawe tayari yako mikononi, askari anaweza kukuambia simama. Tofauti iko hapa: kusimamishwa saa ile kwa sababu ya hatari ya saa ile ni jambo moja. Kuambiwa Jumatano usitoke Jumamosi, na kila mwaka usitoke, kwa sababu kuna mtu hapendi, hilo ni jambo jingine kabisa.

Twende India, ambako maombi ya aina hii ni mengi kiasi kwamba baadhi ya majaji wamechoka nayo, na huko ndiko kuna shule kubwa ya jambo hili. Tena India si ugenini kwetu. Kanuni ya Adhabu ya India ndiyo iliyotumika hapa mpaka mwaka 1930. Na mwaka 1924 Baraza la Faragha la London, lilelile lililokuwa likisikiliza rufaa za mwisho za Afrika Mashariki, liliamua kesi ya Mashia na Masunni wa mji wa Aurangabad, kaskazini mwa India. Mashia walikuwa na zefe lao la Muharram, wanapita karibu na msikiti wa Masunni, wanasimama, wanafanya matam, yaani maombolezo ya kujipiga vifua. Masunni wakasema mnatuharibia swala. Baraza likasema: ipo haki ya kupitisha zefe la dini katika barabara ya umma pamoja na ibada zake, mradi usiwakatie wengine matumizi yao ya kawaida ya barabara, na mradi utii maelekezo halali ya wenye mamlaka. Ukiisoma polepole utaona wote wamepata na wote wamefungwa kamba kidogo.

Miaka inapita. Varanasi, mtaa wa Doshipura, Mashia na Masunni tena, wanagombania viwanja ambamo Mashia hufanya Muharram. Ugomvi wa tangu karne ya kumi na tisa! Kila mwaka hakimu anatoa amri ya kuzuia mkusanyiko. Mwaka huu anawazuia hawa, mwaka ule anawazuia wale, ilimradi siku ipite. Mwaka 1981 Mahakama ya Juu ya India ikasema basi. Haki ya Mashia pale ilikwisha thibitishwa mahakamani, na madaraka ya dharura ya hakimu hayakuwekwa ili kumnyamazisha mwenye haki. Yamewekwa ili kumsaidia mwenye haki dhidi ya anayemzuia.

Lishikeni hilo. Mnapokwenda mahakamani hamuombi hisani ya polisi. Mnaiambia mahakama: serikali isimame na anayefanya halali, isimfungie ndani kwa sababu yeye ndiye rahisi kumfungia. Maana askari ni binadamu. Wenye mawe ni wengi na hawana anwani. Wazee wa kamati ni wanne na wana kilemba. Utamzuia nani?

Hata hivyo, mwaka 1983 Mahakama ileile ilikuwa bado inahangaika namna ya kuitekeleza hukumu yake ya Doshipura. Karatasi ya mahakama haimbadilishi jirani moyo.

Jambo la pili ni barabara. Barabara ni ya nani?

Hapa nitasema wazi, nami ni Mwislamu na nimelelewa chuoni. Kuna kijiji kinaitwa Kalathur, wilaya ya Perambalur, kusini mwa India. Wahindu wa pale walikuwa wakitembeza miungu yao katika mitaa yote ya kijiji, siku tatu, mpaka mwaka 2011. Kuanzia 2012 Waislamu, ambao ndio wengi katika mitaa ile, wakapinga. Hapa ni petu, wakasema. Mwaka 2021 Mahakama Kuu ya Madras ikakataa hoja hiyo. Barabara ni ya kila mtu, dini yoyote, tabaka lolote. Kisha majaji wakageuza kioo: tukikubali kwamba walio wengi mtaani wanaweza kuwazuia wachache wasipite, basi katika sehemu kubwa ya India hakuna Mwislamu wala Mkristo atakayeweza kutoa zefe, kwa kuwa huko wao ndio wachache.

Nilipoisoma hukumu ile mara ya kwanza, nakiri, niliisoma kwa kinyongo. Mara ya pili nikafikiria mitaa yetu hapa Mombasa. Njia ya Msalaba siku ya Ijumaa Kuu inapita mbele ya maduka ya nani? Maulidi yanapita mbele ya makanisa ya nani? Bibi harusi wa Kihindi na ngoma zake wanapita wapi? Ukisema "mtaa huu ni wetu", umejikatia mwenyewe njia ya mtaa wa pili. Mkuki kwa nguruwe.

Na zikigongana sherehe mbili? Mwaka 2017, Kolkata, India, Durga Puja, sherehe ya Wahindu ya mungu wao Durga, na Ashura ya Waislamu vilifuatana: siku ya mwisho ya Durga ilikuwa tarehe 30 Septemba, Ashura tarehe 1 Oktoba. Serikali ya jimbo ikatoa amri kwamba sanamu za Durga zisizamishwe mtoni kuanzia saa nne usiku wa tarehe 30 na siku nzima ya Ashura. Watu wakakimbilia Mahakama Kuu ya Calcutta. Mahakama ikaifuta amri ile. Hoja yake ilikuwa: kabla hujakataza, je, umejaribu kupanga? Ikawaagiza polisi wachore njia mbili, moja ya wanaokwenda mtoni, moja ya wanaobeba tazia, ile mifano ya kaburi la Imam Hussein, na wawatangazie watu.

Mimi kesi hii naipenda kuliko zote nilizozitaja. Mahakama haikuchagua sherehe. Iliuliza habari ya ramani! Na ndiyo maana kila kamati inayokuja kwangu siku hizi, kabla ya chai, namwambia katibu achukue kalamu anichoree: mnaanzia wapi, mnakunja wapi, mnasimama wapi, mnaishia wapi. Wengi hawawezi. Wamelipitisha zefe hilo miaka thelathini na hawajui linakunja kushoto au kulia penye duka la mkate.

Jambo la tatu litawauma. Nisameheni.

Mwezi Julai mwaka 2023, Madras tena, liliwekwa mbele ya Jaji Anand Venkatesh ombi la ulinzi wa polisi kwa sherehe ya hekalu. Jaji akatazama, akaona hapakuwa na adui wa nje. Ni makundi mawili ya watu wa hekalu lilelile, kila moja linataka liwe ndilo linaloendesha sherehe. Akasema kwa uchungu kwamba sherehe hizi zimegeuka kuwa uwanja wa kuonyeshana nani mkubwa, ibada haimo, na kama hekalu linaleta vita badala ya amani basi afadhali lifungwe. Akakataa kuamuru ulinzi waliouomba. Mkishindwa kuelewana, polisi wataizuia sherehe yenyewe.

Kule kuna kitu kinaitwa heshima ya kwanza. Kitambaa cha hariri anafungwa nani kichwani kabla ya wengine? Kwa kitambaa hicho watu wamefikishana mahakamani vizazi na vizazi. Na kuna hekalu la Kandadevi, wilaya ya Sivaganga, lina gari kubwa la mbao la kuvutwa kwa kamba nene. Walioshika kamba walikuwa watu wa koo zenye nguvu. Wadaliti, watu wa tabaka lililotengwa na kudharauliwa, wakasema, na sisi ni waumini, na sisi tushike kamba. Kamba tu! Mahakama ikaagiza kila mtu ashike bila kubaguliwa. Mnajua kilichotokea? Gari likakaa. Mara ukarabati, mara hiki, mara kile, miaka zaidi ya kumi gari halikuvutwa, mpaka Juni 2024, likavutwa polisi wamejaa kila upande.

Hapo sitaki mnielewe vibaya. Ugomvi wa Kandadevi si sawa na ugomvi wa kitambaa. Mdaliti anayenyimwa kamba ananyimwa utu, na Katiba ya India imekataza jambo hilo tangu 1950. Mtu wa namna hiyo ana haki ya kuja na polisi wote wa wilaya. Ninachosema ni kwamba jaji akilipokea ombi lenu, kitu cha kwanza anachotafuta ni hiki: huyu anayeomba ulinzi, anamkimbia anayemuonea, au anataka askari wamsaidie kumshinda mwenzake wa kamati?

Je, kwetu hayapo? Bendera anashika nani? Gari la mbele anakaa nani? Kipaza sauti akitoka fulani anakipokea nani? Msikiti mmoja, kamati mbili, mihuri miwili. (Nawasikia mnacheka upande ule, mnajijua.) Wakristo msicheke sana. Kerala, hukohuko India, Waorthodoksi na Wayakobi, makundi mawili ya kanisa la Malankara, wamegombania makanisa miaka na miaka. Hata baada ya hukumu ya Mahakama ya Juu ya mwaka 2017, upande ulioshinda umerudi mahakamani mara kwa mara kuomba polisi wa kuufikisha madhabahuni.

Ikiwa ugomvi wenu ni wa ndani, msije kwangu na ombi la ulinzi. Njooni na kesi ya usajili na uchaguzi wa kamati, au bora zaidi, msije kwangu kabisa.

Sasa tuje kwenye karatasi, maana najua ndiyo mliyoijia.

Katiba yetu ya 2010, ibara ya 32, inakupa haki ya kuidhihirisha dini yako peke yako au pamoja na wenzako, faraghani au hadharani. Hadharani, imeandikwa. Ibara ya 37 inakupa kukusanyika na kuandamana kwa amani bila silaha. Ibara ya 21 inaibebesha serikali wajibu, si wa kuziheshimu haki hizo tu, bali wa kuzilinda. Polisi wakikaa kimya unapopigwa mawe, wameuacha wajibu huo. Na ibara ya 22 inakupa mlango wa Mahakama Kuu: hakuna ada ya kufungulia ombi la namna hiyo, na mahakama ikilazimika inaweza kulipokea hata kwa maandishi yasiyokamilika kimtindo. Mkiambiwa na mtu hapo nje kwamba kufungua tu ni laki moja, hiyo laki ni yake.

Lakini jaji hatoi amri hewani. Sheria ya Utulivu wa Umma (Public Order Act) inataka mwandalizi wa maandamano ampe taarifa mkuu wa kituo si chini ya siku tatu na si zaidi ya siku kumi na nne kabla, na muda wenyewe uwe kati ya saa kumi na mbili asubuhi na saa kumi na mbili jioni. Mtabishana na mawakili kama zefe la ibada liko chini ya kifungu hicho au haliko. Ubishi mzuri sana huo, nami nitakuja kuusikiliza. Ila barua pelekeni. Wageni wetu wa Tanga mlioko hapa, kwenu sheria ya polisi inasema saa arobaini na nane. Nanyi msingoje ya arobaini na saba.

Barua iwe na jina na namba ya simu ya mtu anayeishi, si ya mwenyekiti aliyehamia Doha. Iwe na njia, saa, makadirio ya watu, na vijana wangapi wa ulinzi wamevaa nini. Na ikiwa mmetishiwa, semeni mmetishiwa na nani, lini, kwa maneno gani. Ujumbe wa simu msiufute kwa hasira. Pelekeni nakala mbili. Moja ibaki kituoni, ya pili igongwe muhuri na tarehe mrudi nayo. Muhuri ule, jamani, ule wino wa zambarau unaochafua vidole, ndio kesi yenu. Mkikataliwa, ombeni mkataliwe kwa maandishi. Mkinyimwa maandishi, andikeni nyinyi barua nyingine: "Leo saa fulani tumeambiwa hivi", nayo ipelekeni ikagongwe muhuri.

Mkifika kwa jaji, ombeni kitu kinachoweza kutekelezwa. Msiombe "ulinzi kamili". Ombeni askari wawepo penye makutano yale mawili kuanzia saa tisa mpaka saa kumi na moja. Na muwe tayari kupokea masharti: mahakama inaweza kuwaambia mzime spika mnapopita hospitali, au mpite upande mmoja wa barabara. Hapo msilie kwamba dini imeonewa. Kumbukeni Aurangabad.

Namrudia mzee wangu wa twari, nimalize.

Mwaka uliofuata walikuja mapema. Kijana yuleyule alikuwa na barua, siku kumi na mbili kabla, muhuri umegongwa, na ramani aliyoichora nyuma ya kalenda ya duka la vifaa vya ujenzi. Alikuwa ameandika mpaka mti wa mkungu wanaposimama kunywa maji. Nilikwisha andaa ombi la mahakamani, liko tayari mezani. Halikutoka mezani. Mkuu wa kituo, mwingine, si wa mwaka ule, aliisoma ramani akawaita wazee wa mitaa yote miwili, wakakaa chini ya hema lake, wakaafikiana zefe lisisimame penye kona moja ambayo, kumbe, mwaka wa kwanza ndiyo iliyokuwa ugomvi wote: palikuwa na nyumba ya mgonjwa. Hakuna aliyewahi kuwaambia. Walitumwa askari wanne. Ada yangu, kama mnavyodhani, ilikuwa sifuri.

Alasiri ile mzee alinikabidhi twari nimshikie afunge kilemba. Lilikuwa bado la moto.

Mifano ya barua iko kwa dada aliyeketi mlangoni, haiuzwi. Tuchukue maswali matatu kwanza, kisha biriani.